Sarah Siddons au Ellen Terry: yupi wa kumsoma kwanza?

Anayetaka kulifahamu jukwaa la Uingereza kupitia maisha ya mwanamke mmoja hukutana mapema na majina mawili: Sarah Siddons, aliyezaliwa mwaka 1755 na kufariki mwaka 1831, na Ellen Terry, aliyezaliwa mwaka 1847 na kufariki mwaka 1928. Hawakuonana duniani, kwa kuwa Siddons alikuwa na miaka karibu 16 kaburini Terry alipozaliwa, lakini maisha yao yamefungamana kiasi kwamba amsomaye mmoja hawezi kukwepa habari za mwingine. Wote wawili walikuwa watoto wa waigizaji waliohama mji hadi mji, wote wawili walifika kilele cha sanaa hiyo mjini London, na wote wawili walimwigiza Lady Macbeth, mke anayemsukuma mumewe kumuua mfalme katika tamthilia ya Shakespeare, kwa namna iliyowafanya watu wabishane. Hata mji wa Coventry unawaunganisha, kwani ndiko Siddons alikofunga ndoa mwaka 1773 na ndiko Terry alikozaliwa.

Ulinganisho huu nimewaandikia wanafunzi wa sanaa za maonyesho, waigizaji na watunzi wa tamthilia wanaohitaji kuchagua mmoja wa hawa wawili na kumchimba kwa kina, iwe kwa ajili ya tasnifu, kwa kuandaa nafasi ya kuigiza au kwa kutunga mchezo. Nautaja msimamo wangu mapema ili msomaji aupime njiani. Kwa walio wengi, Ellen Terry ndiye wa kuanza naye, kwa sababu ametuachia maneno yake mwenyewe kwa wingi, na mwigizaji anayejieleza ni hazina adimu. Lakini yule aliyekabidhiwa nafasi nzito ya tanzia, au aliyewahi kuambiwa kwamba hafai jukwaani, amwendee Siddons bila kusitasita.

Walivyoingia jukwaani

Siddons alizaliwa katika nyumba ya wageni mjini Brecon, Wales, akiwa kifungua mimba wa Roger Kemble, kiongozi wa kundi la waigizaji wa kusafiri. Wazazi wake hawakuridhia penzi lake na William Siddons, mwigizaji wa kundi hilo hilo, na kwa muda binti huyo aliliacha jukwaa akawa mtumishi katika nyumba ya watu wakubwa karibu na Warwick. Hatimaye ndoa ilifungwa akiwa na miaka 18. Miaka miwili baadaye David Garrick, aliyekuwa mwigizaji mkuu wa zama hizo na msimamizi wa jumba la Drury Lane, alimwita London, na tarehe 29 Desemba 1775 akatokea kwa mara ya kwanza mbele ya watazamaji wa jiji hilo katika nafasi ya Portia wa *The Merchant of Venice*. Alikuwa amejifungua mtoto wa pili majuma machache tu yaliyotangulia. Alicheza kwa hofu, sauti yake haikulijaza jumba, na wahakiki hawakumwona kuwa wa maana. Mwaka 1776 alipata barua ya kumwarifu kwamba Drury Lane haimhitaji tena.

Kilichofuata ndicho kinachonifanya nimheshimu kuliko sifa zote alizopewa baadaye. Hakukata tamaa wala hakung'ang'ania London. Alirudi mikoani, akacheza Manchester na York, kisha kuanzia mwaka 1778 akatulia Bath, mji wa mapumziko ya matajiri ambako watazamaji walijua kuchambua uigizaji. Huko alicheza nafasi nyingi kwa msimu mmoja, akapata muda wa kujifunza mbele ya watu ambao hawakuwa na haraka ya kumhukumu. Alipowaaga mwaka 1782 aliwaleta jukwaani watoto wake watatu na kuwaeleza watazamaji kwamba hao ndio sababu zinazomfanya aondoke, kwa kuwa London ingemlipa zaidi. Tarehe 10 Oktoba mwaka huo alirudi Drury Lane katika nafasi ya Isabella, mjane anayeolewa tena kwa kuamini kwamba mumewe wa kwanza amekufa. Mwanawe Henry, aliyekuwa na miaka minane, aliigiza mtoto wa Isabella. Inasimuliwa kwamba siku ya mazoezi aliangua kilio kwa kudhani mama yake anakata roho kweli. Watazamaji nao walilia, na kuanzia usiku huo hakuna aliyemkumbusha tena habari za mwaka 1775.

Njia ya Terry ilikuwa nyingine kabisa. Yeye hakubisha hodi, bali alikulia ndani. Tarehe 28 Aprili 1856, akiwa na miaka tisa, alicheza nafasi ya mtoto wa mfalme, Mamillius, katika *The Winter's Tale* kwenye jumba la Princess's mjini London, na Malkia Victoria alikuwa miongoni mwa watazamaji. Alijikwaa kwenye kigari chake cha kuchezea, akaanguka, na akaamini kwamba kazi yake imeishia hapo. Mwaka huo huo, alipokuwa akicheza Puck wa *A Midsummer Night's Dream*, mlango wa sakafu ya jukwaa ulimbana kidole cha mguu kikavunjika, na mke wa Charles Kean, msimamizi wa jumba hilo, alimwahidi nyongeza ya mshahara kama angemaliza hotuba yake ya mwisho. Aliimaliza. Bibi huyo ndiye aliyemfundisha kutamka kila irabu kwa ukamilifu, na Terry alimshukuru kwa hilo maisha yake yote.

Kwa hiyo anayetafuta habari za kipaji kilichonyooshwa tangu utotoni ana Terry. Anayetafuta habari za mtu aliyeanguka hadharani, akaenda kujijenga, kisha akarudi pale pale alipoangukia, hana wa kumpita Siddons.

Majumba waliyochezea na yalivyowaumba

Jambo hili mara nyingi husahauliwa, na kulisahau ni kuwahukumu vibaya wote wawili. Drury Lane ilijengwa upya na kufunguliwa mwaka 1794 ikiwa na nafasi ya watu wapatao 3,600, na Siddons mwenyewe alilalamikia ukubwa wake. Mwanga ulikuwa wa mishumaa na taa za mafuta, watazamaji walikaa kwenye mwanga ule ule uliomwangazia mwigizaji, na walizungumza, walipiga kelele na walizomea walipotaka. Mwigizaji wa mahali kama hapo alihitaji ishara kubwa, utuo wa makusudi na sauti iliyopimwa. Wanaomsoma Siddons leo na kusema kwamba alikuwa mzito mno hawajajiweka kwenye kiti cha nyuma cha jumba hilo.

Terry alifanya kazi yake kubwa katika jumba la Lyceum mjini London, chini ya Henry Irving, mwigizaji na msimamizi wa jumba hilo, ambako watazamaji walikaa gizani na jukwaa likaangazwa kwa gesi. Mwanga huo laini ulimwezesha kuigiza kwa macho, kwa pumzi na kwa mwendo mwepesi uliosifiwa na kila aliyemwona. Alijua thamani yake: taa za umeme zilipowekwa Lyceum, alimsihi Irving arudishe gesi, na Irving akairudisha.

Tofauti nyingine ni ya ratiba. Wakati wa Siddons tamthilia zilibadilishwa karibu kila usiku, hivyo nafasi moja iliishi na mwigizaji kwa miongo: alimcheza Lady Macbeth mjini London kuanzia mwaka 1785 hadi 1812, akimrudia na kumfikiria upya kila mara. Wakati wa Terry onyesho moja lilichezwa mfululizo. *The Merchant of Venice* ya mwaka 1879 ilikwenda usiku 250, na *Much Ado About Nothing* ya mwaka 1882, ambamo Beatrice wake alipendwa sana, ilikwenda usiku 212. Mwigizaji wa leo ambaye maonyesho yake ni machache na yameachana kwa miezi atajiona zaidi katika hali ya Siddons.

Katika futuhi hakuna ushindani. Siddons alimjaribu Rosalind wa *As You Like It*, msichana anayejifanya mwanamume, mwaka 1785, na vazi lake la kujificha, ambalo halikuwa la kiume wala la kike, likawa jambo la kukosolewa. Uzito wake haukuweza kucheka. Terry alikuwa na wepesi ambao Rosalind alikuwa akiusubiri, lakini hakuwahi kupewa nafasi hiyo Lyceum, kwa sababu Irving ndiye aliyechagua tamthilia na hakuona ndani yake nafasi ya kumtosha yeye mwenyewe. Terry alilisikitikia jambo hilo hadi uzeeni, na mimi naliona kuwa hasara kubwa kuliko zote katika safari yake ya kisanaa. Mwanamke aliyekuwa nusu ya mafanikio ya jumba lile alinyimwa nafasi aliyoistahili kuliko yeyote.

Lady Macbeth

Kama msomaji ana nafasi ya kulinganisha jambo moja tu, na liwe hili.

Siddons aliandika jinsi alivyojifunza nafasi hiyo kwa mara ya kwanza akiwa na miaka kama 20. Alisubiri nyumba nzima ilale, akaketi peke yake na mshumaa akidhani kazi ni kukariri maneno tu. Alipofika kwenye mauaji ya mfalme alishikwa na hofu, akanyakua mshumaa na kukimbilia chumbani, na mchakacho wa hariri ya gauni lake mwenyewe ukamfanya aamini kuna kitu kinamfuata. Alijitupa kitandani na nguo zake, bila hata ujasiri wa kuuzima mshumaa. Kesho yake alicheza vibaya kwa kutoijua nafasi, na aibu hiyo ikamfunza kutojiandaa kwa pupa tena.

Tarehe 2 Februari 1785, siku ya kumcheza Lady Macbeth London kwa mara ya kwanza, Sheridan, msimamizi wa Drury Lane, alimfuata katika chumba cha kuvalia muda mfupi kabla ya onyesho. Alikuwa amesikia kwamba katika tukio la kutembea usingizini Siddons anakusudia kuuweka chini mshumaa wake. Mwigizaji aliyemtangulia katika nafasi hiyo, Hannah Pritchard, hakuwahi kuuachia, na Sheridan alihofia kwamba watazamaji wangeona ni kiburi. Siddons alimjibu kwamba mwanamke anayejitahidi kuosha damu mikononi hawezi kuosha na huku ameshika kitu. Hakubadilisha. Watazamaji walikubali, na baada ya onyesho Sheridan mwenyewe alikuja kumpongeza. Hatua hiyo ndogo ilitokana na kuuliza swali jepesi, kwamba mtu huyu anafanya nini hasa kwa mikono yake, na kukataa desturi isiyojibu swali hilo.

Mfano mwingine ni wa sauti. Macbeth anapouliza itakuwaje wakishindwa, mkewe anajibu kwa maneno mawili tu. Siddons alijaribu kuyatamka kwa namna tatu katika nyakati mbalimbali: kwanza kama swali la dharau, kisha kama mshangao uliolemea neno la kwanza, na mwishoni kwa sauti ya chini inayoshuka na kutua, kana kwamba anasema tukishindwa basi, yamekwisha. Hiyo ya tatu ndiyo aliyobaki nayo. Mwalimu yeyote wa uigizaji anaweza kulifanya somo zima kwa mfano huo mmoja.

Zaidi ya hayo, Siddons aliandika tafakuri fupi juu ya mhusika huyu, iliyochapishwa mwaka 1834 ndani ya wasifu wake ulioandikwa na mshairi Thomas Campbell. Humo, kwa mshangao wa wengi, anamfikiria Lady Macbeth kuwa mwanamke mzuri wa sura, laini, pengine hata dhaifu wa mwili, anayemtawala mumewe kwa mvuto wake. Watu waliomwona jukwaani hawakuona udhaifu wowote. Waliona mamlaka ya kutisha.

Miaka zaidi ya 100 baada ya usiku ule wa mshumaa, tarehe 29 Desemba 1888, Ellen Terry alimcheza Lady Macbeth kwenye Lyceum, na kwa maoni yangu yeye ndiye aliyemfikisha jukwaani mwanamke ambaye Siddons alimwandika tu. Alimwonyesha kama mke anayempenda mumewe kupita kiasi, anayetenda uovu kwa ajili yake, kisha anayesambaratika anapoona kwamba uovu huo umemtenga naye. Wahakiki waligawanyika. Wapo waliosema kwamba Terry ni mpole mno, kwamba hawezi kutisha, na wapo waliosema kwamba kwa mara ya kwanza wameielewa ndoa iliyomo ndani ya tamthilia hiyo. Yeye mwenyewe alimwandikia binti yake kwamba mabishano hayo makali ndiyo mafanikio yake bora. Onyesho lilichezwa mara zipatazo 150.

Vazi alilovaa lina historia yake. Lilibuniwa na Alice Comyns Carr, likashonwa na Ada Nettleship, na kupambwa kwa mabawa halisi ya mende wa kijani ili ling'ae kama magamba ya nyoka chini ya mwanga wa gesi. Mchoraji John Singer Sargent alimchora nalo mwaka 1889 akiinua taji juu ya kichwa chake, ingawa kitendo hicho hakikuwamo katika onyesho. Picha hiyo iko kwenye jumba la Tate mjini London, na vazi lenyewe, baada ya kukarabatiwa kwa uangalifu mkubwa, linaonyeshwa katika nyumba ya zamani ya Terry. Kwa wabunifu wa maleba, huu ni mfano wa kusoma kwa karibu, kwa sababu unaonyesha vazi linalofanya kazi ya uigizaji badala ya kuupamba tu.

Nikiulizwa nani alikuwa Lady Macbeth bora, nitasema Siddons, kwa kuwa alibadilisha jinsi nafasi hiyo inavyochezwa. Nikiulizwa tafsiri ipi inamfaa mwigizaji wa leo anayecheza katika ukumbi mdogo mbele ya watu 200, nitasema ya Terry.

Ndoa, watoto na fedha

Wote wawili walikuwa mama waliofanya kazi, na sheria ya nchi yao iliwatendea kwa namna tofauti. Wakati wa Siddons, mapato ya mke yalikuwa mali ya mume. William Siddons, ambaye kipaji chake kilikuwa kidogo, ndiye aliyesimamia fedha alizochuma mkewe. Siddons alizaa watoto saba na kuwazika watano kati yao. Mabinti zake Maria na Sally walifariki mwaka 1798 na 1803. Aliigiza akiwa mjamzito, aliigiza akiwa katika msiba, na majira ya kiangazi, wakati London inapopumzika, alisafiri kwenda Ireland, Scotland na miji ya mikoani kuongeza kipato, huku malipo yake ya Drury Lane yakicheleweshwa mno na Sheridan. Mwaka 1784 alizushiwa kwamba ni bahili, kwamba alikataa kuwasaidia wenzake wenye shida, akazomewa jukwaani hadi akaanguka na kuzirai, kisha akarudi kujitetea mbele ya umati. Mwaka 1803 alihamia Covent Garden na kaka yake, John Philip Kemble, na moto ulipoliteketeza jumba hilo Septemba 1808 alipoteza maleba na vito alivyovikusanya kwa miaka mingi. Mumewe, ambaye walikuwa wakiishi mbali mbali, alikuwa amefariki mapema mwaka huo huo.

Heshima ya mama wa familia ilikuwa ngao yake, na aliilinda kwa makusudi. Watu wa zama hizo walikuwa wepesi kumdhania mwigizaji wa kike kuwa mwanamke asiye na maadili, na ni yeye, pengine kuliko mwingine yeyote, aliyewalazimisha kubadilika. Mfalme George wa Tatu na Malkia Charlotte walimwalika kuwasomea.

Terry hakuwa na ngao hiyo, na hapa ndipo maisha yake yanaposhangaza. Aliolewa Februari 1864, kabla hajatimiza miaka 17, na mchoraji George Frederic Watts aliyekuwa na miaka 46. Ndoa hiyo ilivunjika ndani ya mwaka mmoja. Mwaka 1868 aliondoka London kwenda kuishi mashambani na msanifu majengo Edward William Godwin bila ndoa, kwa kuwa talaka haikuwa imetolewa, akamzalia Edith mwaka 1869 na Edward Gordon Craig mwaka 1872, ambaye baadaye alikuwa mmoja wa wabunifu wa jukwaa wenye ushawishi mkubwa Ulaya. Alikaa nje ya jukwaa kwa karibu miaka sita. Madeni yalipoibana nyumba, alikutana barabarani na mwandishi Charles Reade wakati gurudumu la kigari chake lilipochomoka. Reade alimtaka arudi kazini, Terry akataja pauni 40 kwa juma, na Reade akakubali papo hapo. Hivyo akarudi mwaka 1874.

Watts alimpa talaka mwaka 1877, naye akaolewa na mwigizaji Charles Kelly. Baadaye, mwaka 1907, aliolewa mara ya tatu na James Carew, Mmarekani aliyekuwa mdogo wake kwa karibu miaka 30. Katika jamii iliyokuwa ikiwafungia milango wanawake kwa makosa madogo kuliko hayo, Terry aliendelea kupendwa. Sheria nazo zilikuwa zimebadilika: kuanzia mwaka 1882 mwanamke aliyeolewa Uingereza aliweza kumiliki mali yake mwenyewe. Lyceum ilimlipa pauni 200 kwa juma, na kwa fedha zake alikimu watoto, ndugu na watu wengine wengi. Mwaka 1899 alinunua nyumba ya Smallhythe huko Kent, ambamo alifia.

Kwa mtunzi wa tamthilia anayetafuta mgongano, maisha ya Siddons yana mgongano ulio wazi zaidi jukwaani: kazi na msiba, umati unaoabudu leo na kuzomea kesho. Maisha ya Terry yana mgongano wa ndani zaidi, wa mwanamke anayependwa na wote na bado hachagui nafasi zake mwenyewe.

Walichotuachia

Hapa mizani inainama upande mmoja. Siddons alikufa kabla ya picha za kamera na kabla ya kunasa sauti. Tunamwona kupitia macho ya wengine: Joshua Reynolds aliyemchora mwaka 1784 kama mungu wa tanzia, Thomas Gainsborough aliyemchora mwaka 1785 akiwa na kofia kubwa na uso wa mtu asiyetaka kusumbuliwa, wahakiki kama William Hazlitt, na profesa wa sheria wa Edinburgh, George Joseph Bell, aliyekaa kwenye kiti chake mnamo mwaka 1809 na kuandika pembezoni mwa kitabu jinsi alivyotamka mistari. Maandishi ya Bell ni ya thamani kubwa mno, kwani ndiyo yaliyo karibu zaidi na kumsikia. Ukiongeza tafakuri yake mwenyewe, una vya kutosha kwa utafiti mzuri, lakini kila ushahidi utaupima kwa kujiuliza aliyeuandika alikuwa nani.

Terry aliacha kumbukumbu zake zilizochapishwa mwaka 1908, barua zake na mwandishi wa tamthilia George Bernard Shaw zilizochapishwa mwaka 1931, mihadhara minne juu ya wahusika na mambo mengine ya Shakespeare iliyochapishwa mwaka 1932, na nakala za tamthilia zenye maandishi yake pembezoni. Mihadhara hiyo aliizungusha Uingereza, Marekani na Australia baada ya kuondoka Lyceum, akisimama peke yake jukwaani na kuwaigiza katikati ya maelezo. Huo ndio uliokuwa uhuru wake wa mwisho, na nadhani ni kazi yake iliyopuuzwa kuliko zote. Mwaka 1911, akiwa Marekani, sauti yake ilinaswa kwenye sahani za santuri, na alionekana pia katika filamu chache za kimya.

Onyo moja kwa atakayemchagua. Terry anaandika kwa uchangamfu unaomteka msomaji, na uchangamfu huo unaweza kuficha. Miaka ile sita na Godwin anaipita kwa maneno machache na kwa tahadhari. Mtafiti asikubali kuongozwa naye peke yake. Asome pia barua, na asome waliokuwa karibu naye.

Nani amchague yupi

Mwanafunzi wa tasnifu mwenye mwaka mmoja mkononi na maktaba ndogo amchukue Terry. Kumbukumbu zake hazina tena haki miliki na zinapatikana bila malipo kwenye mtandao, na hatakwama kwa kukosa ushahidi. Mbunifu wa maleba au wa mwanga naye amchukue Terry. Mwigizaji wa futuhi hana sababu ya kumgusa Siddons kabisa. Mtafiti wa historia ya wanawake na kazi ana kisa kizuri kwa wote wawili, lakini kwa Siddons atahitaji subira zaidi.

Mwigizaji wa tanzia, mtunzi wa tamthilia, na yeyote anayefundisha jinsi ya kuandaa nafasi, hao wamchukue Siddons. Uchache wa ushahidi wake hautawadhuru, kwa sababu ule uliopo unahusu maamuzi halisi ya kazi: mshumaa, maneno mawili ya jibu, na jinsi alipomcheza Constance wa *King John* alivyouacha wazi mlango wa chumba chake cha kuvalia muda wote ili asikie muziki wa sherehe ya adui zake, hasira isimtoke kabla ya kuingia.

Msomaji wa Kiswahili ana njia ya mkato ambayo si kila mtu anaijua. Atakayemchagua Siddons aanze na *Makbeth*, tafsiri ya S. S. Mushi ya mwaka 1968. Asome kwa sauti tukio la kutembea usingizini, mara moja akiwa ameshika kitu mkononi na mara ya pili mikono ikiwa mitupu, kisha ndipo afungue tafakuri ya Siddons katika kitabu cha Campbell. Atakayemchagua Terry aanze na *Mabepari wa Venisi*, tafsiri ya Mwalimu Julius Nyerere ya mwaka 1969, akae kwanza na tukio la mahakamani hadi hotuba ya huruma anayoitoa Portia imkae kichwani, halafu aitafute sauti ya Terry ya mwaka 1911, kwa kuwa hotuba hiyo ni mojawapo ya zile alizozinasa, na asikilize jinsi mwanamke aliyevuka miaka 60 anavyoisema kana kwamba hoja inamjia wakati huo huo.